Jackie Robinson: mchezaji wa besiboli aliyewafaa wanafunzi wa Afrika Mashariki

Kwa Vonza ni mji mdogo wa Ukambani, kando ya barabara itokayo Machakos kwenda Kitui. Watu wengi wa Pwani hawakuwa na haja ya kuujua mpaka Chuo Kikuu cha South Eastern Kenya kilipoweka makao yake makuu hapo, nao vijana wetu wakaanza kupelekwa huko kusoma. Nchi ni kavu, usiku ni kimya, na kijana aliye mbali na kwao hana budi kutafuta cha kumliwaza. Siku hizi cha kumliwaza kimo mfukoni. Akiwa na simu ya mkononi iliyotiwa programu ya ligi kuu ya besiboli ya Marekani, na akalipa ada inayotakiwa, anaweza kujilaza kitandani Kwa Vonza akasikia mchezo unaochezwa New York wakati huo huo.

Inampasa awe mtu wa kukesha. Mchezo unaoanza New York saa moja ya jioni, huku kwetu ni saa nane ya usiku. Na timu ya Dodgers inapocheza kwao Los Angeles, mara nyingi mtangazaji huanza kazi yake kiasi cha saa kumi na moja na dakika kumi za alfajiri kwa saa zetu, wakati watu wa Mombasa na Lamu wamekwisha amshwa na adhana. Sauti peke yake haili data nyingi kama picha, na kwa mwanafunzi mwenye shilingi za kuhesabu hilo si jambo dogo.

Msomaji huenda akauliza, besiboli na sisi wapi na wapi? Swali ni la haki. Wazee wetu walizoea kandanda ya Sauti ya Kenya, wakimsikiliza Leonard Mambo Mbotela, mzaliwa wa Freretown aliyefariki mwaka 2025, akiwaonyesha uwanja mzima kwa maneno matupu. Besiboli hatukuizoea. Walakini yupo mchezaji mmoja wa mchezo huo, tena wa timu hiyo hiyo ya Dodgers, ambaye jina lake limo katika hesabu ya elimu ya nchi zetu, ijapokuwa wengi walionufaika na juhudi zake hawakupata kumwona akicheza. Huyo ni marehemu Jackie Robinson.

Alizaliwa tarehe 31 Januari 1919 huko Cairo. Si Cairo ya Misri, bali mji mdogo wa jimbo la Georgia, kusini mwa Marekani, ambako wajukuu wa watumwa walikuwa bado wakilima mashamba ya Wazungu kwa kugawana mavuno. Baba yake aliihama nyumba Jackie akiwa bado mchanga. Mama yake, Mallie, akawakusanya watoto wake watano mwaka 1920, akapanda nao gari la moshi mpaka Pasadena, California, akafanya kazi ya kufua na kupika katika nyumba za watu. Mmoja wa watoto hao, Mack, alipata nishani ya fedha katika mbio za mita 200 kwenye Michezo ya Olimpiki ya Berlin mwaka 1936, nyuma ya Jesse Owens. Aliporudi kwao, kazi aliyoipata ilikuwa kufagia barabara. Mdogo wake aliyaona hayo kwa macho yake, na nadhani hakuyasahau.

Jackie alisoma Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, akakiwakilisha chuo katika michezo minne: riadha, mpira wa vikapu, kandanda ya Kimarekani na besiboli. Vita vilipokuja akaingia jeshini, akapata cheo cha luteni. Mwezi Julai 1944, akiwa kambini Texas, dereva wa basi alimwamrisha aende kukaa nyuma. Akakataa. Alishtakiwa mbele ya mahakama ya kijeshi, nayo ikamwona hana hatia. Basi ajue msomaji kwamba mtu huyu hakuwa mpole kwa tabia yake. Alikuwa na hamaki, na bila kulijua hilo mtu hawezi kupima uzito wa yaliyofuata.

Wakati huo ligi kuu za besiboli zilikuwa za Wazungu peke yao. Hapakuwa na sheria iliyoandikwa. Palikuwa na mapatano ya kimya kimya yaliyodumu tangu karne ya kumi na tisa. Weusi walikuwa na ligi zao wenyewe, naye Robinson mwaka 1945 akacheza katika timu ya Kansas City Monarchs. Tarehe 28 Agosti mwaka huo akaitwa Brooklyn na Branch Rickey, mkuu wa timu ya Dodgers. Rickey alikuwa Mkristo mshika dini ambaye Jumapili hakanyagi uwanjani, lakini pia alikuwa mfanyabiashara hodari. Watu wamebishana miaka mingi kama alimchukua Mweusi kwa ajili ya haki au kwa ajili ya tikiti. Mimi sioni kwa nini isiwe yote mawili.

Kwa muda wa saa nyingi Rickey alimjaribu kijana huyo, akimtolea matusi ambayo angekutana nayo uwanjani na hotelini, apate kumwona atafanya nini. Kisha akampa sharti: katika miaka ya mwanzo asijibu. Akitukanwa asijibu, akipigwa asijibu, kwa maana ugomvi mmoja tu ungewapa maadui sababu ya kuufunga mlango tena. Robinson akakubali. Sisi tuliofundishwa subira tangu chuoni tunajua ilivyo rahisi kuitaja na ilivyo nzito kuitenda mbele ya watu elfu ishirini wanaokuzomea.

Hapo yupo mtu wa pili ambaye kisa chake kinamhusu kila apendaye redio. Mtangazaji wa Dodgers aliitwa Red Barber, Mzungu wa kusini, aliyezaliwa Mississippi na kulelewa katika mji wa Sanford, Florida. Rickey alipomnong'oneza siri kwamba anamleta mchezaji Mweusi, Barber alirudi nyumbani akamwambia mkewe kuwa ataacha kazi. Ndivyo alivyolelewa. Mkewe akamsihi asiharakishe, naye akalala juu ya jambo hilo siku kadha, akijiuliza ni nani aliyemchagulia rangi aliyozaliwa nayo. Mwisho akaamua kwamba kazi yake ni kueleza mpira ulivyokwenda, basi. Na ajabu ya mambo ni kwamba mwezi Machi 1946, Robinson alipopelekwa Florida kufanya mazoezi na timu ndogo ya Montreal, mji uliomfukuza kwa vitisho ulikuwa huo huo Sanford, mji wa utoto wa Barber.

Tarehe 15 Aprili 1947 Robinson aliingia uwanja wa Ebbets Field, Brooklyn, na fulana namba 42, kucheza na timu ya Boston Braves. Watazamaji walizidi 26,000, na wengi wao walikuwa Weusi waliovaa nguo zao za kanisani. Lakini waliokuwa wakisikiliza redio walikuwa wengi zaidi ya hao. Watu wa Brooklyn husimulia kwamba siku za joto, madirisha yakiwa wazi, mtu aliweza kutembea mtaa mzima asikose hata mpira mmoja, kwa kuwa kila nyumba ilikuwa imefunguliwa stesheni ile ile. Katika sauti ya Barber, Robinson alikuwa mchezaji kama wenziwe: amepiga, amekimbia, ametolewa. Msikilizaji wa kusini aliyemchukia ilimbidi amsikie akisifiwa alipostahili sifa.

Msomaji aliyewahi kuona kriketi ataufahamu mchezo huu upesi. Mmoja hurusha mpira, mwingine humngojea na gongo. Akiupiga hukimbia kuzunguka vituo vinne, na akirejea pale alipoanzia timu yake imepata alama. Mkimbiaji pia ameruhusiwa kuiba kituo, yaani kuchomoka mbio wakati adui hajawahi kuurudisha mpira. Huo ndio uliokuwa ufundi wa Robinson. Alikuwa akitoka kituoni hatua tatu nne, akichezacheza miguu, mpaka mrushaji akili imhame. Ni mchezo unaofaa sana kwa sikio, maana kelele za watazamaji hupanda kabla mtangazaji hajasema neno.

Wiki ya pili tu timu ya Philadelphia ilikuja Brooklyn, na meneja wake, Ben Chapman, akawaongoza wachezaji wake kumrushia matusi ya rangi mchezo mzima. Robinson alikiri baadaye kwamba siku hiyo alikaribia kulivunja sharti. Hakulivunja. Zilikuja barua za kutishia kumwua, yeye na mkewe Rachel na mtoto wao. Wako wachezaji walioingia kwa makusudi na njumu zenye miiba mguuni pake. Mwisho wa msimu akachaguliwa mchezaji mpya bora wa mwaka, na mwaka 1949, akiwa na wastani wa upigaji wa 0.342 na vituo 37 alivyoiba, akawa mchezaji bora wa ligi yake. Sharti lilikuwa limekwisha. Tangu hapo akasema, na hakunyamaza tena mpaka kufa. Magazeti yaliyomsifu kwa upole sasa yakamwita mkorofi.

Mwaka 1955 Dodgers walichukua ubingwa wao wa kwanza. Katika mchezo wa kwanza wa mashindano hayo na Yankees, Robinson, mwenye umri wa miaka 36 na mwili mzito, aliiba kituo cha mwisho, na mdakaji wa Yankees, Yogi Berra, alibisha maisha yake yote kwamba alimwahi. Mwanzoni mwa 1957 akaacha mchezo, akaajiriwa kuwa mmoja wa wakubwa wa kampuni ya mikahawa ya New York.

Sasa tufike kwetu. Mwaka 1959 Tom Mboya alizunguka Marekani akiwaombea vijana nafasi za masomo. Wakati huo chuo kikuu cha Afrika Mashariki kilikuwa Makerere, na nafasi zake zilikuwa chache mno kwa nchi zilizokaribia kujitawala. Vyuo vya Marekani vilikubali kuwachukua. Kilichokosekana ni nauli. Ndipo Robinson, pamoja na mwimbaji Harry Belafonte na mwigizaji Sidney Poitier, akatia sahihi barua ya kuwaomba Wamarekani wachange. Michango ikaja, na Septemba mwaka huo wanafunzi 81 wakaruka kutoka Nairobi mpaka New York. Mwaka uliofuata Robinson alimwendea Richard Nixon, aliyekuwa Makamu wa Rais, kutafuta fedha za serikali kwa safari ya pili. Hatimaye ni mfuko wa jamaa wa Kennedy uliotoa dola 100,000. Mpaka mwaka 1963 karibu wanafunzi 800 wa nchi hizi walikuwa wamekwenda kwa mpango huo. Mmoja wa waliokwenda mwaka 1960 alikuwa Wangari Maathai, aliyepata Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2004.

Siyo kwamba kila alilosema Robinson lilikuwa sawa. Mwaka 1949 alikwenda mbele ya kamati ya Bunge la Marekani akampinga Paul Robeson, mwimbaji mkubwa mtetezi wa Waafrika, na uzeeni alikiri kwamba heshima yake kwa Robeson ilikuwa imeongezeka. Mwaka 1963 aligombana magazetini na Malcolm X, yule ambaye mwaka uliofuata alihiji Makka na kufika hapa kwetu Nairobi, Unguja na Dar es Salaam. Malcolm alimwona kuwa mtu wa kuwatumikia mabwana Wazungu. Maneno hayo yalikuwa makali kupita kiasi, lakini katika kitabu alichokitoa mwaka 1972 Robinson mwenyewe aliandika kwamba hawezi kusimama akauimba wimbo wa taifa lake, kwani bado ni Mweusi katika dunia ya Wazungu. Kwa hiyo wawili hao hawakuwa mbali kama walivyodhani.

Mwaka 1965 alikaa nyuma ya kipaza sauti, akawa Mweusi wa kwanza kuchambua besiboli katika matangazo ya televisheni ya nchi nzima. Lakini kisukari kilikuwa kimeanza kumla. Nywele zikawa nyeupe, miguu ikachoka, macho yakaingia giza. Mwaka 1971 mwanawe mkubwa, Jackie mdogo, alifariki katika ajali ya gari. Tarehe 15 Oktoba 1972, mbele ya uwanja uliojaa Cincinnati, alishukuru kwa heshima aliyopewa, kisha akasema angefurahi zaidi kumwona Mweusi akiwa meneja wa timu. Siku tisa baadaye, tarehe 24 Oktoba, akafariki nyumbani kwake Stamford, akiwa na umri wa miaka 53. Meneja Mweusi wa kwanza alipatikana mwaka 1975.

Mkewe aliunda mfuko wa kuwasomesha vijana mwaka 1973. Naye mwanawe David alihamia Tanzania katika miaka ya 1980, akaanzisha shamba la kahawa Mbozi, nyanda za juu kusini, akifanya kazi pamoja na wakulima wa huko. Hivyo mtoto wa mtu aliyechangisha nauli za Waafrika kwenda Marekani alishika njia ile ile kuja huku.

Namba 42 iliondolewa mwaka 1997, isivaliwe tena na mchezaji mpya wa timu yoyote. Siku moja tu katika mwaka inarudi, tarehe 15 Aprili, na siku hiyo wachezaji wote wa timu zote huivaa. Watangazaji hutaabika, kwa sababu hawawezi kumtambua mtu kwa namba mgongoni. Inawabidi wamtambue kwa mwendo wake na jinsi anavyoshika gongo. Kijana wa Kwa Vonza, aliyevuta blanketi na simu iko sikioni, hayo hayamhusu. Yeye hangojei ila kuambiwa nani amekimbia.