Sheikh Al-Amin bin Ali Al-Mazrui na Vita vya Kuiga

Sheikh Al-Amin bin Ali Al-Mazrui (Allah amrehemu) alizaliwa Mombasa mwaka 1891. Alikuwa mtoto mdogo serikali ya Kiingereza iliposhika hukumu ya pwani mwaka 1895. Alisoma kwa masheikh wa Mombasa na Unguja, akiwemo Sayyid Ahmad bin Sumeit.

Alipokuwa mtu mzima, jambo moja lilimsikitisha mno. Vijana wa Kiislamu walianza kuona haya kwa mambo ya wazee wao. Waliiga mavazi, ulevi na dansi za Kizungu wakidhani ndiyo maendeleo, na ile elimu iliyowapa Wazungu nguvu wakaiacha. Kiswahili nacho, kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu tangu enzi za mababu, kilifundishwa skuli kwa herufi za Kizungu.

Silaha yake ilikuwa kalamu. Mwaka 1930 alianzisha gazeti la Sahifa, na mwaka 1932 Al-Islah. Aliandika kwa Kiswahili ili afahamu hata asiyejua Kiarabu. Aliwahimiza Waislamu wasome elimu zenye manufaa, wawasomeshe na mabinti, bila ya kuacha dini wala lugha yao. Baadhi ya makala zake zimekusanywa katika kitabu cha Uwongozi.

Mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu wa Kenya chini ya serikali hiyo hiyo ya kikoloni, mpaka alipofariki mwaka 1947.

Wazazi wenzangu, funzo lake lingalipo: mtoto asome elimu ya dunia, lakini asifundishwe kujidharau.

Allah amlaze pema. Amin.