Thomas Wakley: Mhariri aliyehoji maslahi ya madaktari

Mwanzilishi wa jarida la tiba la Lancet, Thomas Wakley, alitumia karibu miaka 40 kuwauliza madaktari wa Uingereza maswali mawili: mnayoyasema mmeyajuaje, na ni nani anayenufaika nayo?

Wakley, mtoto wa mkulima, alizaliwa mwaka 1795 katika kijiji cha Membury, kusini magharibi mwa Uingereza. Alisomea upasuaji na kuanza kutibu wagonjwa mjini London.

Mwaka 1820 alivamiwa usiku na nyumba yake ikateketea. Kampuni ya bima ilimtuhumu kuwa aliichoma mwenyewe. Aliishtaki na kushinda, lakini kazi yake ya uganga ilikuwa imekwisha kuharibika.

Oktoba 1823, akiwa na umri wa miaka 28, alitoa toleo la kwanza la Lancet.

Undugu hospitalini

Wakati huo, hospitali kubwa za London zilishikwa na madaktari wachache waliorithishana nafasi na jamaa zao. Wakley alichapisha mihadhara yao bila ruhusa, pamoja na habari za upasuaji uliokwenda kombo.

Mwaka 1828, katika hospitali ya Guy's, daktari Bransby Cooper alitumia karibu saa nzima kutoa kijiwe katika kibofu cha mgonjwa, kazi iliyozoeleka kuchukua dakika chache. Mgonjwa alifariki dunia.

Lancet ilidai kuwa Cooper asingepata nafasi ile kama asingekuwa mtoto wa ndugu yake Sir Astley Cooper, daktari mashuhuri wa upasuaji. Cooper alifungua kesi ya kuchafuliwa jina akidai fidia ya pauni 2,000. Alipewa 100.

Hata hivyo, Wakley naye hakuwa bila lawama. Habari ile ilitolewa na shahidi aliyekuwepo chumbani, lakini iliandikwa kama mchezo wa kuigiza uliojaa kejeli. Isitoshe, kashfa ziliuza jarida lake.

Rafiki apimwa

Mtihani mgumu zaidi ulimjia mwaka 1838. Rafiki yake, Profesa John Elliotson, ambaye mihadhara yake ilichapishwa na Lancet, aliamini kuwa nguvu ya sumaku ingeweza kutibu wagonjwa. Alidai kuwa madini ya nikeli huipitisha nguvu hiyo, na risasi haiipitishi.

Wakley aliwaalika nyumbani kwake Elliotson na wagonjwa wake wawili, wasichana ndugu. Msichana mmoja aliguswa kwa risasi huku akisikia mtu akinong'ona kuwa ni nikeli, akashikwa na degedege. Alipoguswa kwa nikeli bila kujua, hakupatwa na lolote.

Wakley aliyachapisha matokeo hayo, na kabla ya mwaka kwisha Elliotson alijiuzulu uprofesa. Urafiki haukuzuia ukweli kuandikwa.

Akiwa pia mbunge kuanzia mwaka 1835 hadi 1852, Wakley alivigeukia vyakula. Kati ya mwaka 1851 na 1854, daktari Arthur Hill Hassall alipima kwa hadubini kahawa, mkate na bidhaa nyingine, na Lancet ikachapisha majina na anwani za wauzaji, waaminifu na wadanganyifu. Sheria ya kwanza ya jumla dhidi ya udanganyifu huo ilipitishwa mwaka 1860.

Wakley alifariki mwaka 1862 katika kisiwa cha Madeira.

Jarida lake lateleza

Mwaka 1998, Lancet yenyewe ilichapisha utafiti wa Andrew Wakefield, uliotokana na watoto 12 tu, ukihusisha chanjo ya surua, matubwitubwi na rubela na tawahudi. Wakefield alikuwa akilipwa na mawakili waliotayarisha kesi dhidi ya watengenezaji wa chanjo, jambo ambalo wasomaji hawakuelezwa. Jarida liliufuta utafiti huo mwaka 2010.

Lakini hofu ilikuwa imekwisha kuvuka bahari. Mwaka 2017, surua iliwapata zaidi ya watu 70 katika jimbo la Minnesota, Marekani, wengi wao watoto wenye asili ya Kisomali ambao hawakuchanjwa. Wazazi wao walikuwa wameambiwa kuwa chanjo huleta tawahudi.

Maswali mawili ya Wakley yangewafaa wazazi hao. Yangelifaa pia jarida alilolianzisha.