Bernard Herrmann, mtunzi wa muziki wa filamu aliyetokea redioni

Kabla ya filamu, Bernard Herrmann alikuwa mtu wa redio. Alizaliwa New York, Marekani, mwaka 1911, na mwaka 1934 akaajiriwa na shirika la utangazaji la CBS, ambako alitunga muziki wa michezo ya redio. Msikilizaji haoni kitu. Sauti ndiyo macho yake. Mwenzake wa redioni, Orson Welles, ndiye aliyemvuta Hollywood kutunga muziki wa Citizen Kane, 1941.

Hakupenda tuni ndefu tamutamu. Alirudiarudia vipande vifupi mpaka moyo wa mtazamaji uende mbio. Katika Psycho (1960) alitumia ala za nyuzi tu. Mwongozaji Alfred Hitchcock alitaka tukio la mauaji bafuni lisiwe na muziki. Herrmann akautunga hata hivyo, na Hitchcock aliposikia fidla zile zikipiga mayowe, akakubali.

Ukaidi huohuo ukawatenganisha mwaka 1966. Kwa filamu ya Torn Curtain, Hitchcock alitaka muziki mwepesi wa kisasa. Herrmann akaleta wa kwake, akaondolewa. Hawakufanya kazi pamoja tena.

Alifariki Desemba 24, 1975, saa chache baada ya kumaliza kurekodi muziki wa Taxi Driver.