D'Anville, mchora ramani aliyeacha nafasi wazi

Jean-Baptiste Bourguignon d'Anville alizaliwa Paris mwaka 1697, na karibu maisha yake yote hakutoka katika mji huo na viunga vyake. Hata hivyo, mtu huyu asiyevuka bahari wala jangwa alichora China, India, Amerika ya Kusini na Afrika kwa namna iliyowafanya wanajiografia wa Ulaya ya karne ya 18 wamhesabu kuwa bwana wao.

Alianza kama wengi wetu katika fakultate ya lugha, yaani kwa maandishi ya watu wengine. Shuleni aliwasoma waandishi wa Kilatini, lakini hakuishia kwenye sarufi yao: alizichora nchi walizozitaja. Alipokuwa na miaka 15 hivi, ramani yake ya Ugiriki ya kale ilichongwa na kupigwa chapa. Miaka michache baadaye akapewa cheo cha mwanajiografia wa mfalme wa Ufaransa.

Kazi yake ilikuwa kusoma na kulinganisha. Mezani kwake zilikutana habari za wamisionari, za mabaharia, za wanajiografia Waarabu na za Ptolemaio. Mmoja anahesabu mwendo wa siku, mwingine maili za Kirumi, wa tatu kipimo cha nchi yake. Kabla ya kuchora mstari wowote ilimbidi ajue kila kipimo kina urefu gani. Juu ya jambo hilo peke yake aliandika kitabu kizima, kilichotoka mwaka 1769. Mtu aliyewahi kulinganisha miswada miwili ya utenzi mmoja atauelewa uchovu wake. Matunda yalionekana: mwaka 1743 alipoichora Italia upya, nchi ile ilipungua ukubwa, na watu walioipima ardhi yenyewe baadaye wakakuta kwamba yeye, aliyekaa chumbani, ndiye alikuwa na haki.

Mdogo wake, Gravelot, alikuwa mchoraji mashuhuri, naye alimtengenezea mapambo ya baadhi ya ramani. Mapambo hayo yalikaa pembeni. Jambo hili si dogo, maana kwa miaka mingi wachora ramani wa Ulaya walikuwa wameijaza Afrika ndovu, simba, na maziwa makubwa ambayo Nile, Kongo na Zambezi zote zilidhaniwa kutoka humo. Guillaume Delisle alikuwa ameanza kuyapunguza. D'Anville, katika ramani yake ya Afrika ya mwaka 1749, alikwenda mbali zaidi: kitu asichokuwa na ushahidi wake, alikifuta.

Basi pwani ikabaki na majina yake. Falme za Kongo na Angola zikabaki pia, maana alikuwa amekwisha kuzichora mwaka 1731 kwa ajili ya kitabu cha padri Labat. Ila ukiendelea mashariki kutoka huko, karatasi inakuwa nyeupe. Kasai, Katanga, Lualaba, yote yamo ndani ya weupe ule. Hakuwa mkali sawasawa kila mahali, kwa sababu Milima ya Mwezi ya Ptolemaio aliiacha ikae.

Wala weupe huo haukuzaliwa bila tamaa ya mtu. Rafiki na mfadhili wake alikuwa Dom Luís da Cunha, balozi wa Ureno huko Paris, aliyetamani serikali yake iunganishe Angola na Msumbiji kwa njia ya nchi kavu. Mwenye ndoto kama hiyo alihitaji kujua ni eneo gani Wazungu hawajalifahamu.

Hapa ndipo swali la lugha linapoingia. Nafasi tupu katika ramani inaweza kusomwa kwa namna mbili: sijui kilichopo, au hakuna kilichopo. D'Anville aliandika la kwanza. Wengi waliokuja baada yake walisoma la pili, na kwa maoni yangu kosa hilo la usomaji limetugharimu kuliko ndovu wote wa ramani za zamani. Ndovu wa kuchorwa hamdanganyi mtu kwamba nchi haina wenyewe.

Ndani ya weupe ule mlikuwa na dola ya Lunda na ufalme wa Waluba. Waluba wana lukasa, ubao wenye shanga na kauri ambao bambudye, watunza kumbukumbu wa ufalme, huusoma kwa vidole: nasaba za wafalme, safari zao, mahali patakatifu. Kati ya 1802 na 1811 Pedro João Baptista na Amaro José, wafanyabiashara Waafrika waliotumwa kutoka Angola, walikwenda kwa miguu hadi Tete kupitia kwa Mwata Yamvo na Kazembe. Walipita katika njia za biashara zilizokuwa na wenyeji wake.

D'Anville hakuyajua hayo. Mwaka 1773 alifanywa mwanajiografia wa kwanza wa mfalme. Miaka michache baadaye mkusanyo wake wa maelfu ya ramani ulinunuliwa na Louis XVI, na Januari 1782 akafariki. Ramani ya 1749 iliendelea kunakiliwa kwa miaka mingi. Zaidi ya karne moja baada ya kifo chake, wajumbe walikutana Berlin, 1884 hadi 1885, na mwaka huo wa 1885 Leopold II akatangaza Dola Huru ya Kongo. Mkusanyo wa d'Anville ungali Paris, katika Maktaba ya Taifa ya Ufaransa.