Sheikh Amri Abedi: Mshairi aliyevaa mkufu wa umeya

SHEIKH Kaluta Amri Abedi alifariki dunia Oktoba 1964 nchini Ujerumani Magharibi, alikokuwa amepelekwa kwa matibabu. Alikuwa na umri wa miaka 40 pekee. Ndani ya muda huo mfupi alikuwa ameshakuwa mhubiri, mshairi, meya, mbunge, mkuu wa mkoa na waziri wa wizara mbili. Ni vigumu kumtaja mwanasiasa mwingine wa Afrika Mashariki aliyepitia ngazi nyingi hivyo kwa kasi hiyo, na ni vigumu zaidi kumpata aliyezipitia akiwa na kitabu cha ushairi mkononi.

Alizaliwa mwaka 1924 huko Ujiji, kando ya Ziwa Tanganyika, na akasomea Tabora. Mji huo ndio uliokuwa kitovu cha ujumbe wa Waislamu wa Ahmadiyya, ulioanzishwa katika miaka ya 1930 chini ya Sheikh Mubarak Ahmad kutoka Bara Hindi. Kijana Amri alijiunga nao na kuwa mmoja wa wahubiri wake wa mwanzo Waafrika. Alishiriki katika kazi ya kuitafsiri Kurani kwa Kiswahili, tafsiri iliyochapishwa Nairobi mwaka 1953, kisha akaenda Rabwah, Pakistan, kujiendeleza katika elimu ya dini.

Uamuzi huo wa ujanani ulikuwa na gharama. Waislamu wengi wa pwani, wafuasi wa Sunni, waliwaona Waahmadiyya kuwa watu walioiacha njia. Sheikh Abdullah Saleh Farsy, ambaye baadaye alikuwa Kadhi Mkuu wa Kenya, aliipinga vikali tafsiri ile na mwaka 1969 akatoa ya kwake. Kwa hiyo, chama cha TANU kilipomsimamisha Amri Abedi mbele ya watu wa Dar es Salaam, kilikuwa kinamsimamisha mtu ambaye masheikh wengi wa mji huo wasingekubali kuswali nyuma yake.

Mwaka 1954 ndipo kilipotoka kitabu chake, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Mwanafunzi wa shule ya upili hapa Gakoromone anayehesabu mizani kwa vidole na kutafuta kina cha kati na cha mwisho anatumia vipimo ambavyo Amri alikuwa miongoni mwa wa kwanza kuviweka katika kitabu cha Kiswahili. Kwake yeye, utungo usioimbika haukustahili kuitwa shairi. Msimamo huo ulizua mjadala mkali katika miaka ya 1970, pale Euphrase Kezilahabi na wenzake walipotunga mashairi huru na kuvitupa vina na mizani. Amri hakuwapo tena kujitetea. Kitabu chake ndicho kilichoshambuliwa na ndicho kilichotumiwa kujibu.

Neno diwani, itakumbukwa, lina maana mbili: mkusanyiko wa mashairi na mjumbe wa baraza la mji. Amri aliandika ya kwanza, kisha akawa ya pili.

Dar es Salaam ilikuwa imepata hadhi ya manispaa mwaka 1949. Sensa ya mwaka 1957 iliwahesabu wakazi wake kuwa karibu 129,000, wengi wao Waafrika. Hata hivyo, mji ulikuwa umegawanywa kwa rangi: Wazungu walikaa Oyster Bay na pembezoni mwa bahari, Wahindi katikati palipokuwa na maduka, na Waafrika Kariakoo na vitongoji vyake. Wingi wa watu ulikuwa Kariakoo, lakini uamuzi haukufanyika huko. Amri Abedi alipochaguliwa meya wa kwanza Mwafrika, kabla ya uhuru wa Desemba 1961, mkufu wa umeya ulivaliwa kwa mara ya kwanza na mtu ambaye lugha yake ya kazi na ya mapenzi ilikuwa Kiswahili. Wasomaji wa Meru wanaokumbuka enzi za mameya wetu, zilizokoma mwaka 2013 kwa kuja kwa kaunti, wanajua jinsi cheo hicho kinavyoweza kuwa pambo tupu. Kwa Dar es Salaam ya wakati ule hakikuwa pambo.

Alikuwa pia mbunge wa Kigoma. Baada ya uhuru Mwalimu Julius Nyerere alimfanya mkuu wa Mkoa wa Magharibi, na mwaka 1963 akamteua Waziri wa Sheria. Hapo ndipo, kwa maoni yangu, palipo na kazi yake nzito kuliko zote. Tanganyika ilirithi mahakama za aina mbili: za machifu kwa Waafrika, na za serikali zilizofuata sheria za Kiingereza. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963 iliziunganisha chini ya mfumo mmoja, na Mahakama za Mwanzo zikawa za kila raia, zikiendesha shughuli zake kwa Kiswahili. Kenya ilipitisha sheria ya namna hiyo mwaka 1967.

Si yote ya kipindi kile yanayopendeza. Mwaka huohuo wa 1963 Bunge lilipitisha sheria ya viwango vya chini vya adhabu, iliyowalazimu mahakimu kutoa kifungo kisichopungua miaka miwili pamoja na viboko 24 kwa makosa kama wizi wa mifugo na rushwa. Viboko hivyo viligawanywa mara mbili, nusu mfungwa akiingia gerezani na nusu akitoka. Sheria hiyo ilifutwa mwaka 1972. Serikali iliyohubiri ujamaa na undugu ilikuwa na mkono mgumu, na Amri alikuwa sehemu ya serikali hiyo.

Baada ya Muungano wa Aprili 1964 alihamishiwa Wizara ya Maendeleo na Utamaduni wa Taifa, wizara iliyomfaa mshairi. Hakudumu humo hata mwaka mmoja. Azimio la Arusha lilipotangazwa mwaka 1967 alikuwa ameshazikwa, lakini uwanja mkubwa wa michezo wa Arusha ulipewa jina lake, na mashabiki wa kandanda wangali wanalitaja.

Mwaka huohuo wa 1967 serikali ya Tanzania iliagiza Kiswahili kitumike katika shughuli zake zote. Mahakama za juu ziliendelea na Kiingereza hadi mwaka 2021, Bunge la Tanzania lilipobadilisha sheria na kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama zote.