HOUDINI: MTU ALIYEKATAA KUITWA MCHAWI

Wengi wetu tumeyaona mazingaombwe. Jamaa huja shuleni, tunatoa vishilingi vyetu, anatoa njiwa kofiani, kisha tunabishana siku nzima kama ana majini au hana. Mimi nimo katika kundi la wasemao hana, na shahidi wangu ni Harry Houdini.

Bwana huyu alizaliwa Budapest, nchini Hungaria, mwaka wa 1874. Jina lake hasa ni Erik Weisz. Wazazi walihamia Marekani na huko ukata ukawaganda kama kupe. Michezo yake ya kwanza haikuvuta watu. Ndipo akabuni uchokozi. Kila mji alioingia, mbio hadi kituo cha polisi, akawataka askari wamtie pingu na kumfungia. Akishatoka, magazeti yanapiga kelele na usiku ukumbi unafurika! Askari mmoja wa Cologne, Ujerumani, alimwita mlaghai. Houdini akampeleka kortini na akashinda.

Tangu 1908 alikuwa akifungiwa ndani ya debe kubwa la maziwa lililojaa maji pomoni. Jini liko wapi hapo? Nyumbani alijizoeza ndani ya beseni la kuogea, akizuia pumzi siku baada ya siku. Pingu nazo alizijua kama fundi ajuavyo kufuli. Sisemi alikuwa malaika, la. Alijisifu mno, na waliomwiga aliwaandama bila huruma.

Lakini kisa kilichonikuna zaidi ni cha 1926. Palitokea mtu aitwaye Rahman Bey, aliyekaa saa nzima ndani ya sanduku lililozamishwa majini, eti kwa nguvu zisizo za kawaida. Houdini, mzee wa miaka 52, hakukubali. Tarehe 5 Agosti alilala ndani ya sanduku la chuma mfano wa jeneza, likazibwa lisipitishe hewa, likatoswa katika bwawa la kuogelea la hoteli ya Shelton, New York. Dakika zikapita, thelathini, sitini... Alitoka baada ya dakika 91, yu hoi lakini mzima. Siri yake? Hakutikisika, alipumua kidogo kidogo, na aliikataza hofu. Kisha akamweleza yote daktari wa idara ya migodi ya serikali, ili wachimba migodi wakifukiwa wajue kuitumia hewa kidogo iliyobaki. Nionyesheni mganga atoaye siri yake bure namna hiyo.

Oktoba mwaka huohuo, mjini Montreal, kijana mmoja alimpiga ngumi za tumbo akiwa amejilaza. Maumivu yakamshika, naye akasafiri vivyo hivyo hadi Detroit, akapanda jukwaani huku homa inamchoma. Madaktari walipompasua walikuta kidole tumbo kimekwisha kupasuka. Alifariki tarehe 31, akazikwa ndani ya jeneza la shaba nyeusi ambalo alikuwa ametengenezewa kwa michezo yake.