Yusuf bin Hasan: Mwana wa Mfalme Aliyelelewa na Msalaba

Jioni moja hapa Chale, baada ya sala ya alasiri, wavuvi wakivuta ngalawa zao mchangani na kisiwa kimesimama mbele yetu na msitu wake wa kaya, palizuka mabishano barazani. Kijana mmoja aliyetoka masomoni alikuwa akitusimulia Vita vya Msalaba: jinsi Mafranka walivyouteka mji wa Baitul Muqaddas mwaka 1099 wakamwaga damu, na jinsi Sultani Salahuddin alivyourudisha mwaka 1187. Alisimulia vizuri. Mzee mmoja aliyekuwa kimya muda wote akamwuliza kwa nini anakwenda mbali hadi Sham kuvitafuta vita hivyo, ilhali vilitufikia hapa hapa kwetu na merikebu zake zilipita bahari hii hii tunayoitazama. Kisha akalitaja jina la Yusuf bin Hasan, Mfalme wa Mombasa.

Basi baraza ikagawanyika. Wako waliosema Yusuf alikuwa shujaa wa Uislamu, na wako waliosema kuwa alizisaliti dini zote mbili, ile aliyozaliwa nayo na ile aliyofunzwa. Mimi niliulizwa, nikajibu nusu nusu kwa kuwa adhana ya magharibi ilikuwa karibu. Leo nalipa deni hilo.

Mzee yule alikuwa na haki. Chuoni tulipokuwa wadogo tulielezwa kwamba Vita vya Msalaba vilikwisha Akka ilipotoka mikononi mwa Mafranka mwaka 1291. Huko Sham vilikwisha kweli. Lakini upande wa magharibi, Wareno hawakuviweka chini. Wale mashujaa watawa wa Hekalu waliokuwa wakipigana Baitul Muqaddas, chama chao kilipovunjwa na Papa, mali yao ya Ureno ilirithiwa na chama kipya kilichoundwa mwaka 1319, yaani Chama cha Kristo. Mwaka 1415 Wareno walivuka mlango wa bahari wakaiteka Sebta katika ardhi ya Morocco. Mwaka 1452 na mwaka 1455, Papa Nikolasi wa Tano alimpa mfalme wao barua za kumhalalishia kuwapiga Waislamu na wasiokuwa na kitabu, kuchukua nchi zao na kuwatia utumwani. Na Vasco da Gama alipotokeza Mombasa mwezi wa Aprili 1498, msalaba uliokuwa kwenye matanga yake ulikuwa ni wa Chama hicho cha Kristo. Alitafuta pilipili na karafuu, ndiyo, lakini alitafuta pia Wakristo wa mashariki wa kuwashika Waislamu kwa nyuma. Biashara na dini vilipanda chombo kimoja, na aghalabu haikujulikana kipi ni nahodha na kipi ni baharia.

Mombasa haikumpokea vyema. Malindi ikampokea, kwa sababu Malindi na Mombasa zilikuwa na uhasama wao, na mfalme wa Malindi aliona amepata mwenzi mwenye mizinga. Nalitaja jambo hili mapema kwa sababu Yusuf wetu alitoka katika ukoo huo huo wa Malindi. Mlango ambao msalaba uliingilia, wazee wake ndio walioufungua.

Mwezi wa Agosti 1505 Francisco de Almeida aliupiga mji wa Mombasa na kuuchoma moto, na siku aliyoichagua kushuka pwani ilikuwa sikukuu yao ya Kupalizwa kwa Bibi Maryamu, tarehe 15. Msomaji aishike tarehe hiyo. Mji ulijengwa tena, ukachomwa tena na Nuno da Cunha, ukajengwa tena. Mwaka 1589 ukafikwa na misiba miwili kwa mpigo: majeshi ya Kireno yaliyokuja kumkamata Ali Bey, nahodha wa Kituruki aliyeombwa msaada na watu wa pwani, na Wazimba waliotokea bara wakila kila kilicho mbele yao. Baada ya hapo Wareno walimtoa mfalme wa Malindi kwake wakamkalisha katika kiti cha Mombasa, na mwaka 1593 wakaanza kujenga ngome kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, fundi wa Kitaliani. Wakaiita Ngome ya Yesu. Sisi tunaomtukuza Nabii Isa, alayhi salaam, hatuwezi kulipita jina hilo bila ya kushangaa, jinsi lilivyopachikwa juu ya safu ya mizinga. Miaka michache baadaye wakaja na watawa wa Mtakatifu Augustino wakajenga nyumba yao mjini.

Hasan bin Ahmad, baba yake Yusuf, alirithi ufalme ambao kwa jina ulikuwa wake na kwa vitendo ulikuwa wa kapteni wa ngome. Ugomvi wao ulianza katika mambo ya fedha, fungu la ushuru na mapato ya kisiwa cha Pemba, na kila kapteni aliyekuja alitaka kujaza mfuko wake kabla ya muda wake kwisha. Hasan alipoona wanataka kumkamata, mwaka 1614 alikimbilia bara, upande wa Rabai, kwa watu ambao Wareno waliwaita Wamusungulo. Alidhani amefika kwa rafiki. Wareno wakawapelekea wenyeji wake nguo za kuwahonga, na mgeni akauawa na waliompa hifadhi. Kichwa chake kikakatwa kikapelekwa Goa, huko Bara Hindi, kama risiti ya mzigo uliofika.

Yusuf alikuwa mtoto wa kiasi cha miaka saba. Naye akapelekwa Goa, mji ule ule uliopokea kichwa cha babake, akatiwa katika nyumba ya watawa wa Augustino. Huko alifundishwa Kireno, akabatizwa, akaitwa Dom Jerónimo. Jina la Chingulia, ambalo Wareno walilibakisha nyuma ya lile la ubatizo, ndilo kumbukumbu pekee ya pwani waliyomwachia. Alipokua akatumikia katika merikebu zao za vita, akajua kupiga mizinga, na akaoa mke Mkristo aliyeitwa Isabel Varela. Wakubwa wa Goa walimhesabu kuwa kazi iliyokamilika. Kumshinda mfalme kwa upanga hakudumu, kama walivyokwishaona Mombasa. Bali kumchukua mtoto wake, ukamlea kwa mkono wako, ukamrudisha kwao na taji kichwani na msalaba shingoni, hiyo ndiyo vita ya msalaba isiyotumia baruti. Mwaka 1626 akarudishwa Mombasa kuwa mfalme wa Mombasa, Malindi na Pemba.

Hebu tumfikirie siku aliyoshuka bandarini. Raia zake ni Waislamu na yeye anakwenda kanisani. Kwa watu wa mjini alikuwa Mreno. Kwa Wareno wa ngomeni, kijana mweusi aliyevaa jina la Kireno. Kapteni Pedro Leitão de Gamboa hakumheshimu, akamdharau na kumbughudhi kama makapteni wa kabla yake walivyombughudhi babake. Goa walimwambia kuwa ubatizo umewafanya ndugu. Mombasa aligundua kuwa udugu huo haukusafiri naye.

Akaanza kwenda usiku kwenye kaburi la babake, akimwombea kwa sala za Kiislamu. Wapo wasiojali dini mpaka wafikie kaburi la mzazi, na mimi naona huyu alikuwa mmoja wao. Mtu akamchungulia, habari ikapelekwa kwa kapteni, na kapteni akapanga kumkamata na kumrudisha Goa kuhukumiwa. Kwa mtu aliyeukana ubatizo, hukumu ya Goa ilijulikana. Yusuf akapata fununu, akaamua kuwahi.

Ilikuwa katikati ya Agosti 1631, mwezi wa Muharram mwaka 1041 Hijria, katika sikukuu ile ile ya Kupalizwa kwa Bibi Maryamu ambayo Almeida aliichomea Mombasa miaka 126 nyuma yake. Yusuf aliingia ngomeni na watu wake kana kwamba amekuja kumwamkia kapteni. Akamwua kwa mkono wake, walinzi wakauawa, ngome ikawa yake. Kisha akatangaza kuwa yeye ni Yusuf bin Hasan, Mwislamu, na moto ukatiwa katika nyumba za Wareno mjini.

Lau kisa kingeishia hapo, baraza letu lisingekuwa na la kubishania. Lakini Wareno waliosalimika walikimbilia nyumba ya watawa, wakajifungia humo siku kadhaa. Wakaitwa watoke, wakatoka, wakauawa kwa mishale. Watawa, wanawake na watoto kadhalika. Wareno waliouawa walikaribia 150, na katika hao watoto walikuwa wengi kuliko wanaume. Tena si Wareno peke yao. Palikuwa na Wakristo weusi, watu wa pwani na bara waliobatizwa, nao wakatakiwa wageuze dini. Wengi walikataa wakafa. Kanisa lilifungua uchunguzi Goa, likawaita Mashahidi wa Mombasa, na linawaita hivyo hata leo.

Hapa sitaki kupita haraka, maana waandishi wetu wengi hupita haraka. Mtume, salallahu alayhi wasalam, alikataza kuuawa kwa wanawake na watoto vitani. Sayyidna Abubakar alipolipeleka jeshi Sham aliliusia lisiwaguse watawa waliojitenga na dunia katika nyumba zao za ibada. Salahuddin naye, alipoingia Baitul Muqaddas akijua vizuri waliyotendewa Waislamu mwaka 1099, aliwaacha watu wa mji wajikomboe kwa fidia, na maskini wengi waliachiwa bure. Yusuf alikuwa na dhulma ya kweli moyoni: baba aliyekatwa kichwa, utoto ulionyang'anywa, jina lililobadilishwa. Hayo yanatosha kumpa haki ya kuitwaa ngome. Hayatoshi kuhalalisha mishale ile. Nami siwezi kumvika kilemba cha Salahuddin, hata kama nusu ya baraza itaninunia.

Tena kuna swali jingine, nalo linanikera zaidi. Kumwekea mtu dini mbele na upanga nyuma, akajifunzia wapi? Miaka ya kukaa chuoni na maulamaa wa pwani hakuipata, maana alichukuliwa akiwa hajamaliza juzuu zake. Alilelewa Goa, mji uliokuwa na mahakama yake ya kuwasaka walioikana imani. Somo alilowafundisha Wakristo wa Mombasa Agosti ile, alikuwa amelisoma kwa Kireno.

Wanabahari wa Chale wataielewa hesabu yake ya vita bila ya kuelezwa. Mwezi wa Agosti ni kusi. Habari iliweza kupelekwa Goa na vyombo vya demani, lakini jeshi la kulipiza kisasi halikuweza kuja mpaka kaskazi ivume. Kwa hivyo alikuwa na miezi minne au mitano. Kweli, mnamo Januari 1632 zikaja merikebu za vita chini ya Dom Francisco de Moura, zikaikuta ngome iliyojengwa na Wareno wenyewe kwa ustadi wa Kitaliani, na ndani yake mpiga mizinga waliyemfundisha wenyewe. Walipigana wiki kwa wiki wasiweze, wakaondoka. Hiyo ilikuwa fedheha ambayo Goa haikuisahau.

Hata hivyo Yusuf alijua kuwa kaskazi nyingine itakuja. Miji ya pwani haikusimama naye kwa umoja. Kila mji uliangalia ngozi yake, kama ilivyokuwa siku ya Vasco da Gama. Mwezi wa Mei, kusi ilipoanza, alivunja katika ngome alichoweza kukivunja, akauacha mji, akapanda chombo kuelekea Arabuni. Wareno wakarudi wakaikuta ngome tupu.

Miaka sita iliyofuata aliishi juu ya maji. Aliyekuwa mfalme akawa haramia, akizishambulia merikebu za Kireno, mara yuko Bahari ya Sham, mara Bukini na visiwa vya Komoro, nao wakimsaka bila ya kumpata. Alifariki Jeddah mwaka 1638, umri wake ukiwa kiasi cha miaka thelathini na moja. Mfalme wa mwisho wa ukoo wa Malindi katika kiti cha Mombasa alikuwa yeye.

Malipo ya kisasi chake hakuyalipa yeye. Walilipa waliobaki. Kapteni kijana, Francisco de Seixas de Cabreira, aliyeshika ngome mwaka 1635, alipita pwani akiwatoza kodi wafalme wadogo, akaivunja kuta ya Pate na ya Siyu, akawapiga Wamusungulo, wale wale ambao wazee wao walipewa nguo za kumwua Hasan, na huko Pemba akawaua wakuu wa mji. Chuki iliyobaki nyuma yake ndiyo iliyowafanya watu wa pwani wapeleke wajumbe Oman kutaka msaada, na baada ya kuzingirwa kuanzia Machi 1696 hadi Desemba 1698, ngome ikaanguka mikononi mwa Waomani. Wareno walirudi kidogo mwaka 1728, wakafukuzwa mwaka uliofuata. Na huo utawala ulioitwa kuja kutuokoa nao ulikuwa na bei yake, lakini hiyo ni hadithi ya wiki nyingine.

Cabreira aliyaandika matendo yake kwenye jiwe akaliweka juu ya lango la ngome, na liko pale hadi sasa. Limetaja miji aliyoiadhibu na umri wake wa miaka 27, na limemtaja mfalme mwasi bila ya kumwita kwa jina, si lile la Yusuf wala la Jerónimo. Watoto wa shule kutoka Msambweni na Diani hupelekwa kuitazama ngome kila mwaka, nao hupita chini yake.